Kila Chakula na Saa Yake: Maswali Yenu Kuhusu Kula Mitaani Mombasa

Katika toleo lililopita nilisema kwamba mgeni anayeingia Mji wa Kale saa saba mchana amekuja kuangalia milango, si kula. Barua zikamiminika. Wapo waliokubaliana nami, wapo waliokasirika, na bwana mmoja amenitaka nimrudishie fedha za safari yake. Fedha sina. Majibu ninayo, na haya hapa.

Shikamoo Bi Mtembezi. Mimi, mume wangu na watoto wetu wawili tunakuja Mombasa mwezi ujao kwa treni. Tutakuwa Diani, lakini siku moja tumeitenga kwa ajili ya mji. Nimeona tangazo la mtu anayetembeza wageni kula vyakula vya Waswahili: wanaanza Fort Jesus saa nne asubuhi, wanamaliza saa saba. Inafaa? Au tujitembeze wenyewe?
*Mama Wawili, Nakuru*

Marahaba, mwanangu. Saa nne hadi saa saba ni saa za ngome. Wakati huo mahamri yameshakwisha na aliyeyakaanga ameshaosha karai. Mafuta ya viazi hayajatiwa jikoni, na mwenye mishikaki bado analowesha nyama. Huyo mtembezaji atawapitisha vichochoroni vizuri tu, kisha atawaingiza hotelini mle biriani mezani, na hiyo biriani huenda ikawa tamu. Lakini si chakula cha mtaani.

Igaweni siku yenu mara mbili. Mlale kisiwani Mombasa usiku wa kuamkia siku hiyo, kwa sababu mkitoka Diani na kutegemea kivuko cha Likoni asubuhi mtafika watu wameshakula.

Saa kumi na mbili na nusu muwe Kibokoni au Makadara. Hamtaona kibao wala bei iliyoandikwa. Mtaona mlango uko wazi, karai iko kizingitini, na watu wamesimama na bakuli zao kutoka nyumbani, maana mbaazi hubebwa kwa chombo chako. Simameni nyuma yao. Unga wa mahamri hukandwa usiku kwa tui la nazi, sukari, hamira na iliki ya kutwanga, ukaachwa uumuke. Asubuhi husukumwa, hukatwa pembe tatu na kutiwa kwenye mafuta. Hapo mwangalie mkono mpishi: hamri likigusa tu mafuta, analichotea mafuta ya moto kwa upawa na kulimwagia mgongoni, tena na tena, nalo linafura mbele ya macho yenu. Hamri zuri ukilipasua ndani ni tupu, na utupu huo ndio kijiko chenu: mnachotea mbaazi humo humo. Mbaazi zenyewe zimelala majini usiku kucha, zimechemshwa mpaka zimelainika, zikapikwa kwa kitunguu na tui jepesi, na tui zito likatiwa mwisho. Zikiwa majimaji, mpishi alikuwa na haraka.

Watoto wapeni vitumbua na vibibi, na kipande cha mkate wa sinia. Vyote ni vya mchele na nazi, havina pilipili. Nunueni kimoja kimoja mgawane, la sivyo saa mbili mtakuwa mmeshiba na siku ndiyo kwanza inaanza.

Kufikia saa tatu mmemaliza. Sasa nendeni Fort Jesus, iko pale pale. Wareno walianza kuijenga 1593, na tangu 2011 imo katika orodha ya UNESCO ya urithi wa dunia. Watoto watapenda mizinga. Mkitoka, piteni Ndia Kuu, muone Msikiti wa Mandhry na mnara wake, mfike Marikiti mnunue iliki na achari ya maembe. Halafu mkalale. Nasema kweli, laleni. Mombasa mchana wenyewe tunajifungia ndani.

Saa kumi, swala ya alasiri ikisha, karai zinarudi barabarani. Hapa ndipo mji unapokula hasa: viazi karai, bhajia, badia za kunde, katlesi, kababu, sambusa, mikate ya mayai. Kuleni mkisimama. Jua likianza kupoa, chukueni tuktuk hadi Mama Ngina, kando ya bahari, kule ambako sisi bado tunaita Lighthouse ingawa pametengenezwa upya 2019. Huko ni muhogo. Kuna wa kuchoma, uliopasuliwa katikati na kupakwa chumvi, ndimu na pilipili ya unga, na kuna wa kukaanga, mwembamba, unaovunjika mdomoni. Dafu la kuteremshia lipo kando, na mabuyu yatakayowatia watoto wekundu wa ulimi hadi kesho. Meli zinazoingia bandari ya Kilindini zinapita karibu nanyi kiasi cha kuwaona mabaharia wakipunga mkono. Familia nzima za Mombasa huja hapo Jumapili bila shughuli nyingine yoyote, na muhogo ndio kisingizio.

Mishikaki ni baada ya magharibi. Fuateni moshi.

Sasa kuhusu mtembezaji. Nyinyi mnasema Kiswahili, hampotei. Hata hivyo mtu mzuri ana faida moja kubwa: anajua nani anapika leo. Kwenye karai za nyumbani, mpishi akiwa na msiba au harusi hakuna chakula, na hakuna tangazo. Mchukueni, lakini muulizeni kwanza mambo matatu. Tunaanza saa ngapi? Tutakula tumesimama au tumekaa? Na je, wapishi tutawalipa sisi wenyewe kwa mkono wetu? Akijibu saa nne, hotelini, na niachieni mimi, mwambieni asante.

Jambo moja kwa ajili ya watoto. Semeni "usitie pilipili" mapema, kabla hajachovya kijiko. Ukwaju wetu una pilipili, na humwagwa bila mtu kuulizwa.

Bi Mtembezi, tangu nile viazi karai huko kwenu sina raha. Nimejaribu kupika nyumbani lakini unga unabanduka, kiazi kinabaki uchi, na mafuta yanakinywea. Nakosea wapi?
*Mpenda Karai, Thika*

Unakosea kabla hujawasha moto, ndugu yangu. Kiazi chako kimelowa.

Chagua viazi vidogo, vya kula kwa mara mbili tatu. Vichemshe na maganda yake kwenye maji ya chumvi, uvitoe vikiwa vimeiva lakini vingali vimeshikana. Ukivimenya kabla ya kuvichemsha vinakunywa maji, na maji hayo ndiyo yanayosukuma unga utoke. Vimenye vikipoa, kisha viache juu ya sinia mpaka ngozi yake ikauke kabisa. Wauzaji wengi huchemsha mchana na kukaanga alasiri, na si kwa sababu wana nafasi.

Unga una madhehebu mawili. Wengine hutumia ngano, wengine dengu. Mimi ni wa ngano, kwa sababu ya dengu naachia bhajia, ambazo viazi vyake ni vibichi, vya kukatwa vipande vyembamba. Tia bizari ya manjano kwa rangi, chumvi, kitunguu saumu cha kutwanga na pilipili kidogo. Maji yatie kwa uchache huku unakoroga. Chovya kidole: ukikiinua na bado ngozi inaonekana, ongeza unga. Kikitoka kimevaa koti zito lisilodondoka haraka, basi. Kabla ya kuchovya kiazi, kigaragaze kwenye unga mkavu. Hatua hii ndogo huenda ikawa ndiyo iliyokunyima raha miezi yote hii.

Mafuta yawe mengi na ya moto. Dondosha tone la unga: likizama na kukaa chini, subiri. Likipanda hapo hapo, anza. Usijaze karai, maana kila kiazi kinapoingia moto unashuka, na mafuta yaliyopoa ndiyo yanayonywewa.

Mara nyingine ukija, simama karibu na mama anayekaanga uangalie vidole vyake. Hakitupi kiazi. Anakishusha kando ya karai mpaka kucha ziko karibu kabisa na mafuta, halafu anakiachia kiteleze chenyewe. Unga unaodondoka vidoleni anauzungusha juu ya mafuta, unakuwa vichembe vya rangi ya dhahabu vinavyoelea. Vile haviuzwi. Anavichota kwa kichujio na kuvitia kwenye karatasi kwa watoto waliosimama hapo tangu saa tisa wakijifanya wana safari. Mimi nilikuwa mmoja wao, na mpaka leo nikipita naviomba, mtu mzima hivi.

Usisahau kupasua. Kiazi kikitoka hupasuliwa kwa kisu na ukwaju ukatiwa ndani, si kando kwenye kibakuli. Roweka ukwaju kwenye maji ya uvuguvugu, uukamue kwa mkono, uchuje, uuchemshe na chumvi, pilipili na sukari kidogo. Na ukipata nazi, isage mbichi na pilipili za kijani, kotimiri, ndimu na chumvi, iwe chatini. Kiazi bila chatini kinaliwa, lakini mimi hunishibisha bila kunifurahisha.

Assalaam aleikum. Mimi ni mjukuu wa Mombasa, nimezaliwa Muscat na watoto wangu wamezaliwa hapa hapa. Bibi alikuwa akituhadithia kahawa na halwa za kwao mpaka tunalia. Nakuja na watoto In shaa Allah. Halwa wanaijua, hapa iko kila nyumba. Je, kuna haja ya kuwalisha ya Mombasa?
*Mjukuu wa Bibi, Muscat*

Waaleikum salaam, karibu kwenu. Haja ipo, ingawa watoto wako wataitambua mara moja. Wamazrui walioitawala Mombasa baada ya Wareno kushindwa hapo ngomeni 1698 asili yao ni Oman, na Sultani Seyyid Said aliyewanyang'anya mji 1837 naye pia. Watu waliokwenda na kurudi muda wote huo hawakuacha jiko lao nyuma. Wanga, sukari, samli, iliki: ni yale yale, na ile kazi ya kukoroga sufuria kubwa bila kupumzisha mkono mpaka halwa iache kushika pembeni ni ile ile. Ya kwenu nimeila, na harufu ya zafarani na marashi hufunguka upesi zaidi. Yetu naiona nzito, na rangi imekolea. Usiwaulize watoto ipi bora. Wape tu.

Ila mahali pa kuwapa ndipo penye tofauti. Usinunue boksi ukaenda nalo hotelini. Subiri usiku, baada ya isha, umtafute mwenye kahawa. Dele lake la shaba liko juu ya makaa, vikombe vyake havina mkono na ni vidogo vya kumeza mara mbili tatu. Kahawa hukaangwa, hutwangwa, huchemshwa na tangawizi, na sukari haimo kabisa, ndiyo maana halwa au kashata inakaa kando. Unakata kidogo, unaacha iyeyuke, kisha unapiga funda. Ukianza na kahawa utakunja uso, na wazee watakucheka.

Barazani utakuta wanaume tu. Kama wewe ni mwanamke mwenye watoto, toa salamu kwanza, useme umetoka wapi na bibi yako alikuwa wa mtaa gani. Kabla kikombe cha pili hakijaisha kutakuwa na mzee anayemjua, au anayedai anamjua.

Bi Mtembezi, tumbo langu ni bovu. Rafiki zangu wanakuja Mombasa kula barabarani na mimi naogopa. Ninunue tu mikate ya paketi?
*Mwoga, Eldoret*

Mikate ya paketi hata Eldoret ipo, mama. Njoo ule, lakini tumia macho.

Kula kilichotoka motoni mbele yako. Kiazi kilichopanda kutoka mafuta yanayochemka hakina neno, kilicholala sinia tangu saa tisa kinaweza kuwa nalo. Angalia mafuta: yakiwa meusi na moshi wake unauma macho, pita. Angalia anayepokea pesa. Kama mkono huo huo ndio unaoshika chakula bila kuoshwa, pita pia. Kenya inamtaka kila anayeuza chakula awe na cheti cha afya, na una haki ya kukiuliza, japo mimi naamini zaidi foleni. Penye watu wengi chakula hakilali.

Hatari mara nyingi haiko kwenye karai. Iko kwenye maji: kachumbari iliyooshwa kwa maji usiyoyajua, barafu ya maji ya miwa, ukwaju uliopunguzwa makali kwa maji ya mfereji. Kama tumbo lako ni kweli bovu, omba chakula kikavu ujikamulie ndimu mwenyewe. Dafu likatwe mbele yako, unywe hapo hapo, bila barafu. Na siku ya kwanza usianze na supu ya pweza. Haina ubaya, ila wewe na yeye bado hamjajuana.

Tunaweza kuja Ramadhani? Sisi si Waislamu na hatutaki kumkwaza mtu.
*Wapenzi Wawili, Machakos*

Njooni, na mje kwa furaha. Mchana hakuna kitu, mjue hivyo tangu mapema, hata kahawa mtaitafuta. Kuanzia alasiri meza zinatoka mbele ya milango: sambusa, kaimati zilizochovywa shira, mikate ya kumimina, badia, katlesi. Nyingi ya hizo hamtaziona miezi mingine kwa wingi huo. Nunueni, mfungiwe, mbebe. Kutafuna njiani kabla ya adhana ya magharibi hakupendezi, na hakuna atakayewaambia, watawatazama tu. Baada ya futari na swala ya tarawehi barabara zinajaa hadi karibu na daku, mlo wa kabla ya alfajiri, na hapo kuleni mnavyotaka. Vaeni nguo za kusitiri mabega na magoti. Hilo ni la mwaka mzima, si la Ramadhani pekee.

Je, nikimpiga picha mama anayekaanga lazima nimlipe?
*Mpiga Picha, Nairobi*

Lazima umuombe. Na ununue kwanza, ule, ndipo uombe. Akikataa, piga picha karai.

Shikamoo Bi Mtembezi. Mimi ni kijana wa Likoni, nimemaliza chuo, kazi hakuna. Mji wa Kale naujua kama nyumbani. Nataka nianze kutembeza wageni kwa ajili ya vyakula. Nianzie wapi?
*Kijana, Likoni*

Marahaba, baba. Anzia kwenye karatasi, kwa sababu ndizo zitakazokusumbua. Watembezaji wa wageni nchini husajiliwa na Mamlaka ya Udhibiti wa Utalii, iliyoundwa na Sheria ya Utalii ya 2011. Nenda ofisini kwao mwenyewe uulize wanachotaka kwa mwaka huu. Usimtume mtu, na usimpe mtu pesa akufanyie.

Ukishapata leseni, usikimbilie kutengeneza mtandao wenye picha za jahazi. Nenda kwa akina mama wapishi bila mgeni yeyote. Kula kwao, lipa, rudi. Mwambie kila mmoja unachotaka kufanya na umuulize anapika siku gani, anaanza saa ngapi, anaweza watu wangapi kwa mara moja. Wapo watakaokukatalia kwa sababu wana wateja wao wa miaka na hawataki msongamano kizingitini. Mshukuru huyo, uendelee kula kwake peke yako.

Jambo linaloniudhi katika kazi hii, na nitalisema wazi. Wako watembezaji wanaomwambia mpishi apandishe bei mgeni akija, kisha kile kilichozidi wanagawana. Nimesimama foleni nyuma ya kundi la namna hiyo, mgeni akalipia kiazi kimoja bei ya sahani nzima, na mimi nikanunua kiazi hicho hicho kwa bei ya kila siku mbele ya macho yake. Yule mgeni hakusema neno, lakini alinielewa. Mpishi ndiye aliyeinamisha kichwa, na yeye hakubuni mchezo huo. Wewe toza ada yako ya kutembeza, itaje mwanzoni, hata ikiwa kubwa. Chakula kilipwe kwa bei ya mtaa, na kilipwe na mgeni mwenyewe ili wajuane.

Chukua watu wachache. Kichochoro cha Kibokoni hakibebi kundi la watu kumi waliosimama na sahani, bila mkokoteni wa maji kukwama na wenyewe kuanza kugomba. Wanne au watano wanatosha, na utawasikia wakiuliza maswali.

Na usianze na asubuhi, ingawa ndiyo nzuri zaidi. Wageni hawaamki, nawe utakuwa umesimama peke yako na mbaazi zinapoa. Fungua na saa kumi alasiri: viazi, badia, muhogo wa Lighthouse, mishikaki, kahawa. Asubuhi utaiongeza baadaye, kwa wale watakaokula jioni kisha wakuulize kesho kuna nini.